Kibali Kilichonukia Udi

Mama yangu, Hajati Aidah, alikaa eda ya baba yetu miezi minne na siku kumi bila kupunguza hata siku moja, na watu wa mtaa wetu hapa Busia, upande wa Uganda, walimsifu sana. Alivaa nguo moja nyeupe ya pamba. Hakujipaka mafuta ya kunukia, wala hakutoka hata kwenda kwenye arusi ya binti wa jirani, ambayo ngoma zake tulizisikia hadi jikoni. Alikuwa na miaka hamsini na minane. Kama si malori, nadhani angekaa hivyo mpaka mwisho wake na hakuna ambaye angemsema.

Lakini malori hayakai eda. Baba alituachia malori matatu, ghala moja karibu na uwanja wa kuegesha magari, vyumba vya maduka vya kupangisha, na kanuni moja. Malori yalichukua nyanya kwa wakulima wa Sikuda na Kisoko, yakavuka mpaka hapa Busia na kushusha Kisumu. Kanuni yenyewe ilikuwa hivi: kibali cha mzigo hakiendi forodhani kabla hakijaja nyumbani, mwenye mali akakisoma, akakipiga muhuri wa nyumba kwa mkono wake mwenyewe. Zamani karani mmoja alimpigia mtu muhuri huo kwenye karatasi ya mzigo usio wetu, na Baba akalala mahabusu siku tisa. Tangu siku hiyo muhuri ulikaa chumbani, ndani ya kasha la mbao ambamo Mama aliweka udi wake, na aliyetaka karatasi alilazimika kuja mlangoni.

Baba alipofariki, muhuri ukabaki kwa Mama. Sheikh alipoulizwa alisema mambo ya riziki yazungumzwe, ila nyuma ya pazia. Dada yangu Madinah akaja kutoka Tororo, anakoishi na mumewe Swabur, akatundika pazia la kijani kwenye mlango wa sebule unaotazama baraza. Ejenti wa forodha angekaa barazani kwenye kiti cha plastiki, Mama angekaa ndani kwenye kochi, na mimi, Jamirah, kitinda mimba, niliyemaliza chuo kikuu bila kupata kazi, ningepitisha karatasi na chai.

Ejenti aliitwa Jacktone. Alikuwa Mkenya wa huko Matayos, mwenye mke na watoto watatu, na kama wenzake wengi alivuka kila asubuhi kuja kutafuta riziki upande wetu, akarudi kwao jioni. Hakuwa mzuri wa sura. Alikuwa na sauti tu, nzito kidogo, isiyo na haraka.

Wiki za kwanza Mama alimjibu "ndiyo" na "hapana". Kisha siku moja Jacktone akaanza kusimulia yaliyotokea getini asubuhi ile.

"Hajati, leo kuna mama amevuka na kuku watatu ndani ya gauni lake la gomesi. Ameketi mbele ya afisa, anaulizwa hali ya nyumbani, jogoo akawika."

Nyuma ya pazia Mama akaacha kugeuza karatasi.

"Afisa akauliza, nini hiyo? Mama wa watu akasema, samahani afande, ni simu yangu."

Mama alicheka. Alicheka mpaka akajiziba mdomo kwa mtandio, na machozi yakamtoka. Sikuwa nimesikia kicheko kile tangu tumzike Baba. Alipopata pumzi aliniambia, kama vile mgeni hasikii, "Mwambie aache. Mimi niko edani."

"Hajati," Jacktone akasema kutoka barazani, "kucheka si kuolewa."

Eda ilipokwisha Mama alioga, akavaa nguo ya rangi, tukasoma dua na kula pilau. Madinah alipanda kwenye stuli alitoe pazia.

"Liache," Mama akasema. "Nimelizoea."

Nyumba yetu ina vyumba vinane. Ndugu zangu wote wameolewa au wamehama, na Baba alikuwa mtu wa kula na Mama sahani moja, miaka thelathini na mitano, wakibishana ni nani aliyemaliza nyama. Sasa tulikuwa wawili. Mimi nilikula na kitabu. Nilikuwa nikimwona Mama akikaa mbele ya sahani yake akingoja jambo, nami nikigeuza ukurasa. Nilidhani mtu asiyesema hahitaji kuzungumzishwa, kwa sababu mimi mwenyewe ndivyo nilivyo.

Kwa kawaida ejenti huja mara moja kwa kila mzigo. Anachukua kibali, anakwenda zake, na humwoni tena hadi lori lingine lijae, labda siku nne. Mama alianza kwa kumchelewesha Jacktone saa moja au mbili. Karatasi ilikuwa imekwisha kupigwa muhuri, lakini alimwambia bado anaisoma, akaniagiza nilete chai ya tangawizi na kabalagala za ndizi. Halafu akaanza kumwambia arudi baada ya sala ya alasiri. Halafu arudi kesho. Siku ambazo Jacktone alitarajiwa, nyumba ilifukizwa udi tangu asubuhi, na mimi nikapiga chafya jikoni.

Sikuona ubaya wake mara moja, kwa kuwa sikuwahi kusimama nyuma ya lori la nyanya lililolala siku mbili juani. Swabur alikuwa amesimama. Yeye ndiye aliyeendesha lori kubwa, na ndiye aliyepigiwa simu na wateja wa Kisumu. Mteja wa kwanza alituacha mwezi wa Rajabu, wa pili akafuata kabla ya Ramadhani. Lori moja likauzwa. Mama alisema biashara ni mbaya kila mahali.

Kisha Swabur akaona saa ya Baba. Walikuwa uwanjani kwenye malori, Jacktone akanyoosha mkono kupokea makaratasi, na saa ilikuwa pale, ile yenye mkanda wa ngozi ulioshonwa upya kwa uzi mweusi.

"Saa ya mzee inakwenda vizuri?" Swabur akamuuliza.

"Hajati alinipa. Alisema nachelewa."

"Wewe ndiye unayechelewa?"

Madereva waliokuwa karibu walicheka, na kufikia jioni maneno yalikuwa yamefika sokoni. Madinah alinipigia simu kutoka Tororo. "Jamirah, wewe uko ndani ya nyumba. Kuna nini?" Nikamwambia hakuna kitu. Na kweli, kwa namna watu walivyotaka kuwe na kitu, hakikuwepo. Jacktone hakuvuka pazia lile hata mara moja. Mama alikuwa akimpa mtu chai na kumsikiliza. Niliiona ni aibu ndogo, nikaona afadhali niifunike.

Lakini kulikuwa na Jumatatu.

Siku hiyo kibali cha nyanya za Kisoko kilitoka ofisini mapema. Kililetwa na boda saa nne asubuhi, nikakipokea mwenyewe na kumpelekea Mama. Nikasikia muhuri ukigonga mezani, mara mbili, kisha kifuniko cha kasha kikafungwa. Saa kumi Jacktone akaja.

"Hodi, wenye nyanya! Karatasi imetoka?"

"Bado," Mama akasema kutoka ndani. "Labda kesho. Kaa unywe chai, umetembea juani."

Nilikuwa nimesimama katikati yao na sinia. Upande mmoja wa pazia Mama alikuwa ameinamisha kichwa, amejitanda mtandio wake wa zambarau, anatabasamu kama msichana anayesubiri kuulizwa jina. Upande wa pili Jacktone alikuwa anavua viatu vyenye vumbi. Nilitazama miguu yangu. Nikampa chai.

Jumanne ikawa "bado". Jumatano ikawa "bado", na adhuhuri hiyo Swabur mwenyewe akaja hadi barazani. Hakukaa. Mkononi alikuwa na nyanya moja iliyopasuka, na maji yake yalikuwa yanamtiririka hadi kwenye kiwiko.

"Mama, mzigo unachuruzika hadi barabarani. Nzi wamenijaa. Wale wakulima wananijua kwa jina, ni mimi niliyewaambia walete. Ofisi wanasema kibali walishatoa."

"Ofisi wanasema mengi," Mama akajibu. "Vumilia, mwanangu."

"Navumilia tangu mwaka jana, Mama."

Aliitupa nyanya ile chini ya mti wa mpera, akanitazama mimi, si pazia. Nadhani alikuwa ananiuliza. Nikaingia ndani.

Alhamisi asubuhi Swabur akafanya kile ambacho mtu yeyote wa Busia aliyechoka angefanya. Aliita waendesha baiskeli ishirini na wawili, akapakua masanduku ya nyanya ambazo bado zilikuwa ngumu, akawafungia kila mmoja masanduku mawili, wakavuka kwa njia za panya nyuma ya nyumba za watu. Upande wa Kenya alitafuta pikapu ya kuzipeleka Kisumu. Alikuwa mbele, anawaongoza. Askari wa doria waliwakuta wakimalizia kupakia. Waendesha baiskeli walikimbia na baiskeli zao. Swabur hakukimbia, kwa sababu nyanya hazikuwa zake.

Madinah alifika kwetu saa sita, akiwa amevaa kandambili za nyumbani. Hakukaa pia. Alisimama mbele ya Mama akiwa na simu mkononi.

"Nimezungumza na afisa wa kituo walichomfungia Swabur, huko Kenya. Anasema hivi: kama kibali kilikuwepo kabla mzigo haujavuka, Swabur kosa lake ni kupita njia isiyo halali, atatozwa faini na kurudi nyumbani. Kama hakikuwepo, ni magendo. Kesho anapelekwa kortini, na huko sijui atarudi lini. Mama, karatasi iko wapi?"

"Haijatoka," Mama akasema.

"Mama."

"Nimesema haijatoka."

Madinah alikaa chini sakafuni, palepale, akaegemea mguu wa kochi kama mtu aliyetoka shambani. "Basi nimeolewa na mfungwa," akasema, si kwa kulia. Ana watoto wanne. Mdogo bado ananyonya, na maziwa yalikuwa yamelowesha nguo yake kifuani.

Mimi sijui kusema mbele ya watu. Hata chuoni nilikuwa ninaandika swali langu kwenye karatasi nikampa mwenzangu aliulize. Lakini nilimwona dada yangu akijifunika kifua kwa kanga, nikasema, "Iko kwenye kasha. Tangu Jumatatu."

Hakuna aliyenipigia kelele. Madinah alinitazama tu, na mtazamo ule bado ninao. "Tangu Jumatatu," akarudia. "Nawe ulijua."

Mama alinyanyuka. Alikwenda chumbani, tukasikia kasha likifunguliwa, akarudi ameshika karatasi. Alikuwa amebadilisha mtandio na kuvaa mweusi.

"Mimi nakwenda mwenyewe," akasema.

Tulivuka watatu kwa miguu. Mama hakuwa amekwenda mjini kwa miguu tangu eda, na watu waliomsalimu njiani walikuwa wengi: wauza miwa, wabadilisha fedha, wale walemavu wanaovusha mizigo kwenye baiskeli zao za magurudumu matatu. "Hajati! Za siku nyingi!" Aliitika kila mmoja. Kwenye ile sehemu katikati ya mageti, ambapo mtu hayuko Uganda wala Kenya, alisimama kidogo kama anatafuta pumzi, kisha akaendelea.

Kituoni tulimkuta Jacktone kwenye benchi. Alikuwa ameitwa kwa kuwa jina lake ndilo lililokuwa kwenye makaratasi kama ejenti. Alisimama tulipoingia. Walikuwa wameonana mara chache sana bila pazia, na nilimwona Mama akishusha macho kama mwali.

Afisa alikuwa mwanamke wa makamo mwenye miwani. Alipokea kibali, akasoma tarehe, akakigeuza upande wa pili, halafu akakileta puani.

"Karatasi hii inanukia," akasema. "Ilikuwa wapi?"

"Ndani ya kasha langu," Mama akasema.

"Imepigwa muhuri Jumatatu. Leo ni Alhamisi. Ejenti ameandika hapa kwamba alikuja kwako Jumatatu, Jumanne na Jumatano, na kila siku ulimwambia kibali hakijatoka."

Jacktone alikuwa anaitazama karatasi kwa mbali. Aliisoma tarehe. Nikaona uso wake ukijaa fedheha pole pole, kama mtu aliyegundua kwamba alikuwa amevaa nguo ya mtu mwingine siku nzima. Siwezi kuapa kwamba hakujua. Chai aliinywa, saa aliipokea, na mtu hakai saa mbili kwenye baraza la mtu kwa ajili ya karatasi tu. Lakini nadhani hakujua kwamba nyanya zilikuwa zinaoza kwa ajili yake.

"Pengine ulisahau, Hajati," afisa akasema. Alikuwa anamfungulia mlango. Sote tuliuona.

"Unaulizwa siku tatu, unasahau?" Mama akasema. "Sikusahau. Niliiweka."

"Kwa nini?"

Madinah alifumba macho. Mimi nilitamani ardhi inimeze. Mama alishika ukingo wa meza kwa vidole viwili, na akasema kwa sauti ya mtu anayetaja bei, "Akichukua karatasi, haji tena mpaka lori lingine."

Hapakuwa na mtu aliyecheka, hata askari kijana wa mlangoni. Jacktone alifungua mkanda wa saa ya Baba na kuiweka mezani, karibu na mkono wa Mama, bila kuugusa.

"Mama," akasema, "saa hii ni ya watoto wako. Mimi nilikuwa nakuja kazini."

Mwaka mzima alikuwa amemwita Hajati. Nilimwona Mama akilipokea neno lile. Alitikisa kichwa kukubali, mara moja, akaisukuma saa upande wa Madinah.

Maelezo yalitakiwa yaandikwe. Afisa akanipa kalamu, Mama akasema nami nikaandika. Jina, mahali, tarehe. Kwamba kibali kilikuwepo. Kwamba mkwe wake Swabur hakujua kilipo, na hana kosa isipokuwa uchovu. Afisa akasema neno uchovu liondolewe. Nikalifuta.

"Kuna mtu mwingine nyumbani aliyejua?" afisa akauliza.

Mama hakunitazama. "Hakuna," akasema. "Andika, hakuna."

Nikaandika, kwa mwandiko wangu mwenyewe, ule ambao walimu walikuwa wanausifu: *Hakuna mtu mwingine aliyejua.* Madinah alisimama nyuma yangu akisoma herufi kwa herufi.

Swabur alitolewa Ijumaa mchana baada ya faini. Alinawa mikono na uso kwenye bomba la uani kwa muda mrefu, akamsalimu Mama, "Asalaam aleikum, Mama," kama anavyosalimiwa mtu msikitini, kisha akamwambia mkewe, "Twende nyumbani." Walipanda gari la Tororo na hawakuja kwetu hadi Idi ikapita. Nyanya tulizoziona za mwisho zilikuwa zimerundikwa nyuma ya kituo, na mbuzi wa jirani walikuwa wamekwisha kuzigundua.

Mama hakuugua wala hakulia mbele yangu. Alilala mchana, jambo ambalo hakuwahi kulifanya maishani. Baada ya wiki mbili aliniita chumbani na kunikabidhi kasha.

"Mpelekee dada yako. Mwambie muhuri akae nao yeye. Na malori yavukie Malaba, yasipite hapa."

Nilikwenda nalo Tororo nimelipakata mapajani. Nyumba yao iko upande ambao ule mwamba mkubwa wa mji unaonekana mzima, na watoto wa Madinah walinikimbilia, wakaacha, wakamtazama mama yao kwanza. Madinah alilifungua kasha mezani. Alitoa muhuri, akanirudishia kasha na udi wake ndani. "Huu ni wa Mama. Mrudishie." Swabur aliuchukua muhuri, akaunusa, akaenda kuuosha kwa sabuni na kuuweka dirishani ukauke. Alikaa akiuangalia.

"Anakula?" akauliza, bila kugeuka.

"Kidogo."

"Na wewe unakula naye, au unasoma?"

Nikafunga kasha. Akamwambia mkewe, "Lori likivuka, uwe unampigia."

Ndivyo ilivyo hadi leo. Limebaki lori moja na mteja mmoja. Siku ya mzigo, saa kumi au saa kumi na moja, simu ya Mama hulia, naye huipokea kabla haijalia mara ya pili. "Limevuka, Mama," Madinah husema. "Alhamdulillahi," Mama husema. Simu huisha kabla sijamaliza kumimina chai.

Pazia nililitoa mimi, nikasema nalifua. Halijarudi mlangoni na hajaliulizia. Sasa akikaa kwenye kochi anaona baraza lote na kiti cha plastiki. Mimi huweka kitabu chini na kukaa karibu naye, nikitafuta la kumsimulia, na mara nyingi sipati. Juzi nilimweleza habari ya jogoo na simu, kama vile hajawahi kuisikia. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Huyo mama," akasema, "alifika na kuku wake?"

Nikamwambia sijui, hatukuambiwa.